Kamera Isimame Nyuma ya Mchezaji

Simu ilikuwa imeegemezwa kwenye ndoo ya maji, juu ya kinu kilichopinduliwa, ili kila mtu aione. Mbele yake, vijana wa kijiji kimoja upande wa Micheweni, Pemba, walikuwa wamejifunga msewe miguuni wakiifuata klipu hatua kwa hatua. Ikiisha, mdogo wao anachuchumaa, anaigusa, inaanza tena. Msewe ni jina la ngoma na la hicho kinachofungwa miguuni, na wa vijana hawa ulikuwa mpya. Vile vikoba vya miyaa iliyosukwa vilikuwa bado na rangi ya kijani, vimetungwa safu kwa safu mpaka vikafunika miundi, na kila wakikanyaga, mbegu kavu za ndani zililia kwa pamoja.

Mzee mmoja, mpiga ngoma enzi zake, alikuwa amekaa chini ya mfenesi, bakora mapajani. Alitazama kimya kwa muda, kisha akauliza:

"Nyie, mguu gani huo mnaofungulia?"

"Wa kushoto, Babu."

"Nani kakufunzeni?"

"Huyu hapa, Babu. Tunamfuata mwenyewe."

Wakampelekea simu. Aliishika kwa mikono miwili, akaisogeza mbali na macho, akaivuta karibu. Ndani yake alikuwamo rafiki yake, fundi wa msewe aliyekwishatangulia mbele ya haki, anacheza uani kwa watu, na nyuma yake mpiga ngoma. Mzee akaitazama mpaka mwisho. Akataka irudishwe.

"Huyu anayepiga ni ndugu yangu," alisema. "Ndugu yangu hakuwa na mashoto."

Nikaichukua simu nikaangalia. Mfuko wa shati la yule mpiga ngoma ulikuwa upande wa kulia wa kifua. Klipu ilipigwa kwa kamera ya mbele, ile ya kujipiga mwenyewe, na simu iliyorikodi ilihifadhi picha kama kioo kinavyoonesha. Kulia kumekuwa kushoto, kushoto kumekuwa kulia.

Kilichonichoma zaidi ni kwamba vijana hawa walikuwa waangalifu. Wangelifuata kibubusa, kama mtu anayejitazama kwenye kioo, wangelitoka na mguu sahihi bila ya kujua. Lakini walijua kwamba mtu akikukabili, kulia kwake ni kushoto kwako. Wakaigeuza picha vichwani mwao, kwa makini, hatua kwa hatua. Wakaigeuza ngoma nzima. Mguu wa kufungulia, bega la kutangulia, hata mwendo wa duara.

Na ndiyo klipu pekee waliyonayo ya yule fundi.

## Ikiwa kinyume, kuna nini?

Jambo hili limenikaa kichwani kwa wiki kadhaa. Nimelala nalo, nimeamka nalo, nimekwenda nalo Darajani na kurudi nalo.

Mwanzo nilijiambia hakuna ubaya. Vijana wanacheza vizuri, msewe unalia. Wakialikwa Gombani kwenye sherehe, hakuna atakayenyanyuka jukwaani kusema mguu si huo.

Tena sisi Wazanzibari hatuwezi kudai kwamba ngoma zetu hazijapata kubadilika. Beni ilitokana na bendi za kijeshi, tukaichukua na matarumbeta yake, tukaitia harusini, na leo bendi ya Mbwa Kachoka wakipita mtaani hakuna anayewaza askari. Taarabu ilianza kuimbwa Kiarabu kwenye jumba la Sultani, mpaka Siti binti Saad akaitoa kwa Kiswahili, na mwaka 1928 akavuka bahari mpaka Bombay kurikodi santuri. Santuri za wakati ule zilibeba kiasi cha dakika 3 kila upande. Wimbo ambao hadhira ya Ng'ambo ingeliutaka mpaka usiku wa manane ulibidi ukatwe utoshe sahani. Kwa hivyo mashine kutupangia sanaa yetu iishie wapi si jambo lililoanza na simu.

Lakini kila nikijiliwaza hivyo, sitosheki.

Aliyesimama mbele ya maikrofoni kule Bombay alijua kwamba wimbo unakatwa. Waliotia tarumbeta ngomani walijua wanatia nini. Hapa hakuna aliyeamua. Mpangilio mmoja ndani ya simu, ambao hata mwenye simu hakuujua, umeamua ngoma ya kijiji ianze na mguu gani. Na mzee yule akiondoka, hatakuwapo wa kusema kwamba ndugu yake hakuwa na mashoto. Klipu ndiyo itakayobaki kuwa shahidi.

## Kinachotupwa kwanza

Kazi yangu ni kupiga video za harusi, upande wa wanawake. Waliokulia Unguja na Pemba hawahitaji kuelezwa zaidi: simu huachwa mlangoni, mwanamme haingii, na mwenye kamera lazima awe mwanamke anayeaminika. Shughuli ikimalizika, kadi ya kamera naikabidhi mkononi kwa mama wa bibi harusi. Sibaki na nakala. Ndiyo heshima ya kazi hii, na ndiyo sababu huitwa tena.

Kwa sababu ya kamera hiyo, vikundi vya ngoma navyo huniita. Huwa wanataka video ya kupelekea maombi ya tamasha, au ya kuweka mtandaoni, na wanataka iwe fupi. "Tutolee zile nzuri nzuri." Basi nakaa mbele ya kompyuta na usiku mzima wa ngoma, na kitu cha kwanza kutupwa, daima, ni ngoma kutiwa moto.

Kila aliyewahi kukesha ngomani anaijua saa hiyo. Umande umeanza, ngozi ya mbuzi imelegea, sauti imekuwa nzito. Wapigaji wanazitoa ngoma uwanjani, wanawasha makuti makavu, wanaziinamisha kwenye moto. Nimewahi kuiweka kamera juu ya mikono ya mpigaji mmoja wakati huo na sikuiondoa mpaka alipomaliza. Anaigeuza ngoma taratibu, asiiache moto ukaikamata pahala pamoja. Anaivuta, anaigonga kwa ncha ya kidole pembeni kabisa ya wambo, anasikiliza, anairudisha. Anagonga katikati. Kichwa anakiinamisha upande. Anairudisha tena, sasa kwa muda mfupi zaidi. Mwenzake anagonga yake, wanasikilizana. Hakuna anayesema neno, na ghafla wote wawili wananyanyuka, kwa sababu zimekubaliana.

Katika saa hiyo, pembeni, mambo mengine yanatendeka. Mkubwa anamvuta kijana mkono, "pale ulipogeuka umewahi." Watoto wanaingia uwanjani kujaribu kwa kuwa wakubwa wameondoka. Mwanamke anakaza msewe wa mwanawe na kumwambia kamba ipite wapi isimchubue. Mafunzo yote ya ngoma ile yamo ndani ya mapumziko hayo.

Kwenye video ya dakika 3 yote hayo ni sekunde tupu. Yanakwenda.

Kinachobaki ni watu waliovaa sare, wanatabasamu, wanacheza mwanzo mwisho bila ya kukosea. Mgeni anaridhika, na anayetaka kuijua ngoma hana pa kushika.

## Mguu hauonekani, msewe hausikiki

Sitaki kuidharau simu. Bila ya simu ya yule mtu aliyempiga fundi uani, tungelikuwa hatuna hata hicho kilichogeuka. Ila inafaa tujue simu inaona nini na inasikia nini.

Ngoma nyingi huchezwa usiku, chini ya taa moja. Mwanga ukiwa mdogo, kamera ya simu huliacha jicho lake wazi kwa muda mrefu zaidi kwa kila picha ili ipate kuona. Uso wa mchezaji, ambao hautembei sana, unatoka safi. Mguu wa msewe unaopiga chini na kuinuka kabla hujapepesa unatoka kama moshi. Nimeisimamisha video kama hizo picha moja baada ya nyingine nikitafuta pahala ambapo kisigino kimegusa ardhi, nisikipate.

Sauti ndiyo mbaya zaidi. Maiki ya simu imetengenezwa kwa ajili ya mtu anayezungumza. Ngoma kubwa ikilia, inashtuka na kuipunguza sauti yote, halafu inaipandisha tena polepole, kwa hivyo ngoma inasikika kama inayokwenda mbali na kurudi wakati mpigaji hajasogea. Na mlio wa msewe, ule mchakacho mwembamba usiokatika, simu nyingi huuona ni kelele tu za kando na kuufifisha. Kitu kilichoipa ngoma hii jina lake ndicho cha kwanza kupotea.

Wenzetu wa ngoma za jukwaani huko Ulaya waliliona tatizo la mguu mapema. Mwaka 1928, mwaka ule ule Siti alipokwenda Bombay, Rudolf Laban alitoa mfumo wa kuandika ngoma kwa alama, zinazoonesha kiungo gani kinakwenda upande gani na kwa muda gani. Sisi hatukuandika. Sisi tulisimama nyuma ya mkubwa.

Hilo lilinijia nikiwa ndani ya daladala, na nikashangaa kwa nini halikunijia siku zote. Mtoto wa Pemba anapojifunza ngoma hasimami mbele ya fundi. Anasimama nyuma yake, au ubavuni, anaangalia visigino. Kulia kwa fundi ni kulia kwake. Hahitaji kugeuza kitu kichwani. Anayekaa mbele ni mgeni, mwenye kiti, mtu wa heshima aliyealikwa kutazama. Na kamera zetu zote, yangu nikiihesabu, huwekwa pale kwenye kiti cha mgeni.

Kwa maneno mengine, tunasema tunaziwekea ngoma kumbukumbu kwa ajili ya wajukuu, lakini tunazipiga kwa jicho la mtu ambaye hatocheza.

## Kibati hakikubali kuwekwa

Msewe angalau una hatua za kushika. Kibati kimenitia shaka kubwa zaidi.

Kibati ni majibizano. Mtu anatoa ubeti wake papo hapo, kwa kasi, juu ya ngoma, na mwengine lazima amjibu kabla waitikiaji hawajamaliza kiitikio. Uhodari wote umo katika kujibu. Asiyekuwa na la kujibu anajulikana, na usiku huo hulala nao.

Niliwahi kukaa harusini, upande wa Wete, ambako kijana mwenye sauti nzuri sana aliimba kibati. Beti zake zilipangika, vina vimekaa. Lakini zilimtaja bwana mmoja na jahazi lake lililokwama mchangani, na pale hapakuwa na bwana huyo wala jahazi. Alikuwa amezihifadhi kutoka kwenye klipu ya kijiji chengine. Mwenzake akabaki kumtazama. Atajibu nini? Amjibu marehemu? Waitikiaji wakarudia kiitikio, wakarudia tena, mpaka mtu wa makamo akaingia na ubeti wa kumtania bwana harusi na watu wakapumua.

Hapo ndipo nilipoogopa kamera yangu. Ukikirikodi kibati mara moja na kukisambaza, unawapa vijana maneno na kuwanyang'anya kazi ya kuyatafuta. Kinaweza kufa huku kila harusi kinapigwa.

Kuna na la pili, ambalo watu hawapendi kulizungumza. Ubeti wa kibati humgusa mtu. Ataambiwa ubahili wake, mke wake wa pili, deni la duka. Uwanjani anacheka kwa sababu wote wanacheka, anajibu kama anaweza, na asubuhi wanakutana msikitini yamekwisha. Siku hizi asubuhi hayajaisha. Ubeti mmoja wa namna hiyo, ninaoujua, uliwekwa kwenye statasi na ukafika Maskati kwa watoto wa aliyeimbwa kabla yeye hajaamka. Watoto hawakuwapo uwanjani, hawakuusikia ubeti wa kujibu. Waliona baba yao anachekwa. Watu wa nyumba mbili zile hadi leo wanasalimiana kwa shida.

Kwa hivyo kibati tusikipige? Nilifika karibu na kusema hivyo. Kilichonirudisha ni mzee mwengine, mwimbaji, niliyemuuliza wazi.

"Piga," alisema. "Lakini upige huku na huku. Upige leo, na kesho, na kwa wenzetu kule. Akiona kwamba kila siku maneno ni mengine, atafahamu kuwa hakuna maneno."

Tangu hapo nimeona kwamba video moja nzuri ya kibati inadhuru kuliko video nyingi za kawaida. Moja inageuka kuwa msahafu. Ukiwa na usiku wa kijiji hiki na wa kile, mwimbaji yule yule ameshinda leo na kushindwa kesho, mwenye kujifunza atatafuta kinachofanana baina yao, na hapo ndipo kibati kilipo.

## Palipo na mlango

Mwezi wa Julai nenda Makunduchi siku ya Mwaka Kogwa, sherehe ya mwaka mpya wa jadi, uangalie mbele ya kile kibanda cha makuti kinachochomwa moto. Simu zimenyanyuliwa kama msitu. Wenye Mwaka wao wanapiga mbio kupita katikati ya watu wenye kamera. Sijui nani mwengine anaona uchungu, mimi naona.

Lakini Mwaka Kogwa ni wa uwanjani, na wa uwanjani utaonwa. Unyago una mlango.

Bi Kidude aliutoa msondo mbele ya dunia. Alisimama na ngoma ile ndefu kati ya mapaja, ameifunga kwa kanga, akaipiga kwenye majukwaa ya Ulaya mpaka mwaka 2005 akapewa tuzo ya WOMEX. Mpaka anafariki, Aprili 2013, kulikuwa na picha zake nyingi kuliko za kungwi yeyote aliyepata kuishi Zanzibar. Na bado wanawake aliowafunda wanajua kwamba alichokipiga jukwaani na alichokisema ndani si kimoja. Mapigo aliyatoa. Mafunzo aliyaacha chumbani.

Mimi huingia ndani na kamera kwa sababu ya kazi, na mara nyingi nimeambiwa na makungwi, kwa upole, "Mwanangu, hapa izime." Naizima. Nimewahi kujiuliza, nikiwa na kifuniko cha lenzi mkononi, kama sishiriki kuyaua mambo hayo, kwa sababu yule bibi ana umri mkubwa na wanafunzi wake hawafiki mkono mmoja. Nikamuuliza kungwi mmoja ninayemheshimu sana: yasiporikodiwa, si yatapotea?

"Yakipotea yatakuwa yamepotea na sisi," aliniambia. "Yakitoka nje yatakuwa yamepotea na sisi tupo."

Sina jibu la kumshinda. Kibali cha kupiga filamu unakiomba BASSFU, baraza la sanaa na filamu la Zanzibar, unajaza fomu, unalipia. Ruhusa ya wenye ngoma ni nyengine kabisa, na inaweza kurudishwa katikati ya usiku. Mkataba wa UNESCO wa mwaka 2003 wa urithi wa utamaduni usioshikika, ambao Tanzania iliuridhia mwaka 2011, unataja kuweka kumbukumbu kuwa ni njia moja tu miongoni mwa njia kadhaa, na kurithisha kumo humo humo. Kungwi yule anarithisha. Kwa njia ya zamani, kwa wachache, mlango umefungwa, lakini anarithisha. Nani mimi nimwambie njia yake haitoshi?

## Mikanda ya kabatini

Haya ya chini ni ya haraka, kwa sababu muda wenyewe ni mdogo.

Majumbani mwetu mna mikanda ya VHS. Miaka ya themanini na tisini kila mwenye ndugu Ghuba aliletewa deki au kamera, na watu walirikodi harusi, maulidi ya homu, kidumbak na sanduku lake na fidla, mchezo wa ng'ombe wa Pemba, yote. Mikanda hiyo ipo juu ya makabati, ndani ya maboksi, kwenye hewa yetu ya chumvi.

Mkanda ni plastiki iliyopakwa unga wa sumaku, na unga umeshikizwa kwa gundi. Gundi hiyo hunyonya unyevu. Ikishiba inanata, unga unabanduka, na picha ndiyo huo unga. Ukiuona mkanda una utando mweupe kwenye kingo, huo ni ukungu. Usiutie kwenye deki. Utauchafua mkanda, utaichafua deki, na kila mkanda utakaofuata utaambukizwa. Ukaushwe kwanza pakavu pasipo jua, usafishwe, ndipo unakiliwe, tena mara moja tu na kwa uhakika.

Na deki zenyewe zinakwisha. Kampuni ya mwisho duniani iliyokuwa ikizitengeneza, Funai ya Japani, iliacha Julai 2016. Zilizobaki ni za kubahatisha vipuri.

Wenye mikanda, tafadhali, itoeni wiki hii. Msisubiri mradi wa mtu.

## Tulivyopiga safari hii

Nilirudi Micheweni na kamera. Sheha alikwishaarifiwa, wazee wa kikundi walikwishakaa kikao. Klipu ya marehemu fundi tuliigeuza kwanza, ni kazi ya kubonyeza mara moja kwenye programu ya kuhariri, na mzee akaitazama akasema sasa ni yeye. Vijana wakakaa chini wakaifuata upya. Walikuwa na hasira kidogo, na wana haki.

Kisha tukapiga yetu. Tulianza baada ya sala ya alasiri, jua likiwa bado lina nguvu, ili mguu uonekane. Kamera niliiweka nyuma ya mchezaji, chini, usawa wa goti. Simu moja ikawekwa juu ya mikono ya mpigaji, nyengine ubavuni. Kinasa sauti kidogo kiliwekwa ardhini karibu na miguu, kimefunikwa kitambaa, kwa ajili ya msewe peke yake. Kabla ya kuanza, kila mchezaji alinyanyua mkono akasema jina la kijiji, tarehe, na "huu ni mkono wangu wa kulia." Wazo hilo lilitoka kwa kijana aliyekuwa akiigusa simu siku ile. Yeyote atakayeipata video hii, kwa simu yoyote na miaka yoyote ijayo, atajua kama imegeuzwa.

Walicheza polepole bila ya ngoma, mzee akihesabu kwa mdomo. Wakacheza na ngoma moja. Wakacheza kwa mwendo wake wa kweli. Mzee alikatiza kila alipotaka, na makatizo yote yamo. "Siyo hivyo." "Kisigino kwanza." "Wewe mrefu, punguza, unamfunika mwenzako." Ngozi zilipolegea magharibi, kamera ilifuata ngoma mpaka kwenye moto na ikakaa hapo mpaka zilipokubaliana.

Ni video ndefu na, kwa mtu wa kawaida, inachosha. Haitapata watazamaji wengi popote. Kijana mmoja wa kikundi kingine, aliyekuwa hakuwapo, alipewa nakala tumjaribu. Alipokuja mbele ya mzee alifungua na mguu sahihi, na alikosea pale pale ambapo wanafunzi wote hukosea, penye kugeuka. Mzee alifurahi mno kwa kosa lile. Alisema hilo ndilo kosa la mtu anayejifunza msewe.

Kilichobaki ni nakala zikae wapi. Kwa kanuni yangu ya harusini, nakabidhi na sibaki na kitu. Lakini kadi na fleshi hazikutengenezwa kuhifadhi vitu kwa miaka mingi, na nakala zote zikiwa kijiji kimoja, moto au maji ya mvua yanatosha. Nilipendekeza moja iende Nyaraka za Taifa, Kilimani, Unguja, upande wa pili wa bahari. Kikao kilikuwa kirefu na kilikuwa na joto. Msewe wamekubali: nakala mbili Pemba, moja ya skuli na moja ya kikundi, na ya tatu Kilimani kwa sharti la maandishi kwamba atakayetaka kuitumia aulize kwanza kijijini. Kibati, ambacho nacho tulikipiga, hawakukubali. Mna majina ya watu ndani yake, wamesema, na baadhi ya wenye majina hawajaulizwa.

Watawapitia mmoja mmoja karafuu zikishaanikwa. Mpaka hapo kibati kipo kwa katibu wa kikundi, kimefungiwa, na mimi sina nakala.